Glasi Aliyoinywa Redioni

Tuliachana wiki jana Bi Saa Saba akiwa amesimama chini ya tangi jipya la maji, katikati ya watu mia mbili waliokaangwa na jua, na wote wamemgeukia yeye. Hawakukosea kumgeukia. Mdomo wake ulikuwa umefungwa, lakini sauti yake ilikuwa inasema.

Ilikuwa inatoka kwenye redio ndogo iliyofungwa kwa mpira kwenye usukani wa baiskeli ya mwashi mmoja.

"Hii ni taarifa ya habari ya saa saba mchana," ilisema sauti ile tamu, ambayo ndiyo iliyompa mwenyewe jina. "Mwenyekiti wa baraza la mji leo asubuhi amekata utepe na kufungua rasmi tangi la maji, huku mamia ya wananchi wakimshangilia. Mwenyekiti alikunywa glasi ya kwanza na kuyasifu maji hayo. Fundi mkuu wa mradi amethibitisha kwamba maji ni safi na salama."

Watu wakautazama utepe. Utepe mzima. Wakamtazama Mwenyekiti, aliyetakiwa kufika saa nne na aliyefika dakika tano zilizopita. Alikuwa na mkasi mkononi, na hajakata hata uzi wa kifungo chake. Glasi ilikuwa mezani, kavu kama ahadi.

Redioni yakaja makofi. Na katikati ya makofi, chafya.

Chafya hiyo mji mzima unaijua. Redio ile ina makofi ya namna moja tu, yaliyorekodiwa kwenye harusi miaka kumi na moja iliyopita, na kwenye harusi hiyo kulikuwa na mjomba mwenye mafua. Tangu hapo mjomba amehudhuria kila uzinduzi, kila mahafali, kila mkutano wa hadhara. Ameshazikwa, na bado anahudhuria.

"Afya," akajibu bibi mmoja kwa mazoea.

Msomaji ambaye ndiyo kwanza unaungana nasi, usishangae. Redio nyingine husubiri jambo litokee ndipo ziseme. Uvivu mtupu. Redio hii kauli yake ni "Wa Kwanza Kujua", na hakuna njia ya uhakika ya kuwa wa kwanza kama kutangulia. Taarifa ya saa saba hurekodiwa saa tatu asubuhi. Tukio lenyewe litajiju, lije kwa wakati wake. Kwa kawaida tukio huwa na adabu, likafuata. Siku hiyo lilichelewa.

"Mimi nimethibitisha lini?"

Swali lilitoka juu ya ngazi ya tangi. Aliyeuliza alikuwa Fundi Bomba, ndiye fundi mkuu mwenyewe, na ndiye kaka yake Bi Saa Saba, baba mmoja mama mmoja.

Dada mtu akasogea kuelekea ngazi. Miaka kumi na tisa amesoma alichopewa, na kila alichokisoma alikiamini. Asubuhi ile aliposoma kwamba kaka yake amethibitisha, alifurahi kabisa, akasema moyoni, "Ah, kumbe mambo yameiva." Akafunga safari kuja kumpongeza.

Kabla hajaifikia ngazi, Mwenyekiti alitia mkasi mfukoni.

"Ndugu wananchi, asanteni kwa kuhudhuria. Mwende salama."

"Hujakata!" mwashi akapiga kelele.

"Nimekata. Si mmesikia wenyewe?"

"Utepe si huu hapa, mheshimiwa!"

"Huo ni mwingine."

"Basi kunywa maji!"

"Jamani! Glasi ya pili ya nini? Mnataka niwamalizie?"

Mtu mwenye aibu angetafuta shimo. Mwenyekiti alitafuta gari. Lakini Fundi Bomba alikuwa ameshashuka ngazi, akamkalia njiani, mikono yake imejaa madoa ya rangi hadi kwenye viwiko.

"Nisikilizeni," alisema. "Ndani ya tangi kuna rangi ya kuzuia kutu. Mkebe umeandikwa siku kumi na nne ndipo maji yatiwe. Leo ni ya nne. Nilimwambia huyu, nikamwandikia na barua. Akayatia maji mwenyewe jana nikiwa nimelala. Maji haya mtu asinywe, asipikie, asimpe hata bata!"

Mama mmoja mwenye ndoo mbili akakunja uso.

"Sasa fundi, mbona redioni umesema ni salama?"

"Sijasema!"

"Umesema. Tumesikia sote."

"Mama, niko hapa mbele yako kwa mwili na nguo. Nakwambia sijasema!"

"Mh." Mama akamwangalia toka kichwani hadi viatuni, kisha akamwangalia jirani yake. "Anabishana na redio, huyu."

Watu mia mbili, na kila mmoja ana pua. Harufu ya rangi ilikuwa imejaa mpaka barabarani, mbwa walikuwa wanapiga chafya za kweli. Lakini pua haina mnara wa kurushia matangazo.

Mwenyekiti akanyoosha mkono, mlinzi wa baraza akamchomolea Fundi Bomba ufunguo wa koki kuu kiunoni, kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu.

"Saa tisa kamili," Mwenyekiti alitangaza, "maji yanafika kila nyumba. Kingeni ndoo."

Watu wakashangilia. Safari hii bila chafya.

Kaka na dada wakabaki chini ya utepe.

"Nilisoma nilichopewa, kaka."

"Kasuku naye hupewa."

"Usinitukane."

"Sikutukani wewe, namtukana kasuku. Yeye angalau hulipwa karanga, tena hamsemei ndugu yake uongo." Akajifuta mikono kwenye suruali. "Mtoto wa mama, watu wakiugua leo, atatafutwa aliyethibitisha. Nani kathibitisha? Mimi. Kwa sauti ya nani? Yako. Mimi jela siiogopi, ila kuingia jela kwa sauti ya dada yangu, hiyo hapana."

"Naenda kuifuta."

"Kafute. Mimi nakwenda nyumba kwa nyumba, niwaombe wasikinge."

"Watakusikiliza?"

"Mimi sina redio," alisema Fundi Bomba, akaondoka.

Bi Saa Saba akapanda pikipiki ya kwanza iliyopita.

Redio ya mji ule iko ghorofa ya pili. Chini kuna duka la magodoro. Katikati, ghorofa ya kwanza, yuko daktari wa meno, ambaye vilio vya wagonjwa wake hupenya sakafu na kuipa taarifa ya habari uzito fulani. Studio yenyewe imezungushiwa magodoro ya kuzuia mwangwi, yameazimwa duka la chini, bado yana vibandiko vya bei, kwa kuwa mwenye duka hajakata tamaa ya kuyauza.

Alimkuta Meneja ofisini, miguu juu ya meza, anasikiliza redio yake mwenyewe kwa mapenzi kama mtu anayejitazama kwenye kioo.

"Bosi, tumekosea. Utepe haujakatwa, maji ni sumu, na kaka yangu hajathibitisha kitu. Nataka dakika moja nisahihishe."

Meneja akashusha mguu mmoja.

"Nini?"

"Nisahihishe."

"Dada, kaa." Hakukaa. "Redio hii ina miaka kumi na tisa. Umewahi kusikia ikisahihisha?"

"Hapana."

"Kwa sababu hatusahihishi habari. Tunasahihisha tukio. Nimeshaongea na Mwenyekiti. Utepe ameenda kuukata mlinzi. Saa tisa maji yanatoka. Kufikia jioni kila ulichosoma kitakuwa kimetokea. Utaomba radhi kwa lipi?"

"Bosi, watu watakunywa rangi!"

"Na nikisema leo tulikosea, kesho wataniuliza habari ya daraja."

 Daraja lile Bi Saa Saba ndiye aliyewafungulia, miaka mitatu iliyopita, saa saba mchana, kwa makofi. Mpaka leo halijajengwa. Watu wa ng'ambo huvuka mto wakiwa wamekunja suruali, na wakifika huomba samahani kwamba wamepotea njia ya darajani.

"Afadhali umekuja mapema," Meneja aliendelea, akimsogezea karatasi. "Saa nane na nusu tunarekodi ya jioni."

Alikuwa amezoea. Mkono wake uliipokea karatasi kabla ya akili, na macho yakaanza kusoma.

"Hii ni taarifa ya habari ya saa kumi na mbili jioni. Watu arobaini na wawili wamelazwa hospitalini baada ya kunywa maji ya bomba. Mwenyekiti wa baraza la mji amesikitishwa sana na tukio hilo. Fundi mkuu wa mradi, ambaye alithibitisha kwamba maji hayo ni salama, anashikiliwa na polisi."

Akaisoma tena. Chini, kwa daktari wa meno, mtu alilia.

"Bosi," alisema polepole, "hawa arobaini na wawili ni akina nani?"

"Makadirio."

"Kwa hiyo mnajua."

"Sisi?" Meneja akacheka. "Wa kwanza kabisa! Mwenyekiti aliahidi maji wiki hii, fundi anataka siku kumi na nne. Ahadi na rangi, kipi kikauke kwanza? Sasa, wasipougua, hii tunaitupa, hakuna hasara. Wakiugua, tuko tayari. Huko ndiko kujipanga."

"Na polisi wamekubali kumkamata kaka yangu?"

"Watakubali wakisikia. Lini umewaona polisi wetu wakijua wamemkamata nani kabla hatujawaambia?"

"Nisipoisoma?"

Meneja akafungua droo bila haraka, akatoa karatasi ya pili, fupi.

"Msomaji wetu maarufu wa taarifa ya habari amestaafu leo kwa hiari yake, kutokana na maradhi ya koo."

"Koo langu halina ubaya."

"Subiri hii isomwe."

Saa ya ukutani ilisema saa nane na dakika ishirini na tano. Saa hiyo nayo huenda mbele, kwa sera ya ofisi.

Bi Saa Saba akaikunja karatasi ya kwanza vizuri, mara mbili.

"Sawa," alisema. "Nitaisoma."

"Hiyo ndiyo kazi! Damu ni damu, dada, lakini mshahara ni mshahara."

Msimtemee mate bado. Mfuateni mlangoni.

Ndani ya studio alikuwepo fundi mitambo, mtu wanayemwita Waya, kwa wembamba na kwa kazi. Alikuwa anapiga muziki wa kujazia saa huku akila muhogo wa kuchoma juu ya meza ya mitambo, jambo lililokatazwa kwa tangazo lililobandikwa na yeye mwenyewe.

Bi Saa Saba alifunga mlango, akaegemeza kiti kwenye kitasa.

"Tunarekodi?" Waya akauliza.

"Leo haturekodi. Nirushe moja kwa moja."

Muhogo ukasimama njiani.

"Moja kwa moja vipi?"

"Niseme hapa, wasikie kule. Wakati huohuo. Si ndiyo redio?"

Waya akakitazama kifungo chekundu upande wa kulia. Kilikuwa kimebandikwa karatasi ya gundi kwa amri ya Meneja, mtu asije akakigusa ukweli ukatoka. Vumbi lake lilikuwa na umri.

"Dada, mimi kazi yangu ni kubonyeza. Kuamua siyo kwenye barua yangu ya ajira."

"Mkeo anakinga maji ya bomba gani?"

"La uani. Kwa nini?"

"Amepanga ndoo ngapi?"

"Sita, tangu asubuhi. Amesikia wewe umesema... " Waya akaacha. Akamwangalia usoni. "Uliposema ni salama, si ulikuwa unajua?"

Bi Saa Saba akamkabidhi ile karatasi. Waya alisoma kwa midomo, taratibu, akafika kwenye arobaini na wawili, akarudi nyuma, akasoma tena. Kisha akaweka muhogo chini na kuanza kubandua gundi kwa ukucha.

"Utawaambia nini? Kwamba saa saba ulidanganya?"

"Hawataniamini. Kaka yangu amesimama mbele yao na madoa ya rangi mikononi wakamwona mzushi, kwa sababu alikuwa ni mtu tu. Watu wetu hawaamini mtu, Waya. Wanaamini taarifa."

"Sasa?"

"Sasa nawasomea taarifa. Ile ya jioni. Naisoma sasa hivi."

Waya alifikiri, kisha akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu kuajiriwa.

"Wa kwanza kujua," alisema, akabonyeza.

Muziki ukakatika. Saa nane na dakika thelathini na tisa.

"Hii ni taarifa ya habari," alianza Bi Saa Saba, na sauti ilikuwa ileile, laini, isiyo na haraka. "Watu arobaini na wawili wamelazwa hospitalini baada ya kunywa maji ya bomba kutoka tangi jipya. Wananchi wote wanashauriwa kutokinga, kutokunywa na kutopikia maji hayo."

Kupitia kioo alimwona Meneja akipita na kikombe. Meneja alidhani wanarekodi, akamwinulia kidole gumba. Akapita.

Jicho la msomaji lilishuka mstari wa mwisho. Fundi mkuu wa mradi. Miaka kumi na tisa hajawahi kubadili hata mkato. Akisoma ilivyo, mji unapona na kaka yake anakwenda ndani; maana mji huu ukisikia umekamatwa, huna budi kufungasha nguo za jela. Akiuruka mstari, watauliza nani amekamatwa, na Meneja atawajibu kwa furaha kwenye ijayo.

Sekunde tatu zikapita hewani. Kwenye redio sekunde tatu ni mwaka.

"Anayeshikiliwa na polisi kuhusiana na tukio hilo," alisema, "ni Mwenyekiti wa baraza la mji, aliyetia maji ndani ya tangi lenye rangi mbichi baada ya fundi mkuu kumkataza kwa mdomo na kwa barua."

Maneno yale ya mwisho yalikuwa kweli tupu, na yalimkwaruza kooni kama mwiba wa samaki. Koo lilikuwa halijayazoea.

Kikombe kilivunjika mahali fulani.

"Rudia," Waya akanong'ona. "Wengine walikuwa jikoni."

Akarudia. Akarudia tena. Mara ya tatu Meneja alikuwa ameshaanza kuupiga mlango kwa viganja, anapayuka maneno ambayo, kwa bahati nzuri, godoro la sita kwa sita lilikuwa linayanywa yote.

Waya alikwenda dirishani.

"Dada, njoo uone."

Chini, muuza magodoro alikuwa anafunga bomba lake kwa kamba, mizunguko kumi, kama mbuzi mkorofi. Ng'ambo ya barabara akina mama walikuwa wanapindua ndoo tupu kifudifudi. Mzee mmoja aliyekuwa hajanywa chochote alikuwa amekaa chini, ameshika tumbo, anaomba apelekwe hospitali awe wa arobaini na tatu.

Bi Saa Saba alicheka mpaka akashika meza. Kisha simu ya studio ikalia.

Akaipokea.

"Dada, hapa ni kituo cha polisi," ilisema sauti nzito. "Mkuu wa kituo naongea. Hongera kwa taarifa nzuri."

"Asante, mkuu."

"Sasa, tunaijaza kwenye kitabu cha matukio, na kuna sehemu moja imebaki wazi. Huyu Mwenyekiti, tumemkamatia wapi?"

Bi Saa Saba akakibana chombo cha simu begani.

"Kwani ninyi hamjui?"

"Kwamba tumemkamata, tunajua, umesema mara tatu. Ila gari letu limepita kwake, hayupo. Limepita barazani, hayupo. Na hapa mahabusu tumehesabu, hayumo. Vijana wanaanza kusema tumkamate yule fundi, wamemwona anapita nyumba kwa nyumba, yuko karibu. Kama hamna uhakika na mahali, sisi tumchukue yeye tu, kitabu kisikae wazi."

 Bi Saa Saba akafungua mdomo aseme chochote, mahali popote, na hapo Waya akamvuta kitambaa cha bega bila kusema neno.

Gari jeusi la baraza lilikuwa limesimama chini, mlango wazi, injini inaunguruma. Mwenyekiti alikuwa ameshashuka. Alimsukuma muuza magodoro, akaingia lango la ngazi, na Meneja akasikika akimwita kutoka juu, "Huku, mheshimiwa! Yuko ndani! Njoo tusukume mlango!"

Viatu vikaanza kupanda. Vizito. Ngazi mbili mbili.

"Dada?" ilisema simu. "Upo? Niandike wapi?"

"Andika redioni," alisema Bi Saa Saba, kwa sauti yake ya saa saba. "Ghorofa ya pili, mlangoni mwa studio. Lakini mkuu, mkimbie. Mmemkamata hapa, na yeye sasa hivi ndiyo kwanza anampita daktari wa meno."